Mwenye Mwaka Bado Amelala

Nchi yetu ina jina zuri sana, lakini sitalitaja hapa, maana kulitaja kunataka kibali, na ofisi ya vibali itafunguliwa kesho. Nikisema kesho msinielewe vibaya. Mimi, Bi Nyange, muuza vitumbua wa mtaa wa Mtondoo, ndiye mtu wa mwisho katika nchi hii anayeitaka kesho, na mkinivumilia mtajua kwa nini. Nitasema polepole na kwa sauti ya chini. Na nyinyi mnaosoma, tafadhalini, msisome kwa sauti.

Zamani, wanasema wakubwa, tulikuwa watu ovyo. Tulikuwa na Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, zinakuja zenyewe, zinaondoka zenyewe, hazina mwenyewe. Mwenye Mwaka, ndivyo anavyoitwa kiongozi wetu, adumu nao, aliliona jambo hili likamuuma. Akapanda jukwaani, nami nilikuwapo na beseni langu kichwani, akasema:

"Ndugu wananchi! Ng'ombe asiye na mwenyewe huchinjwa na yeyote. Shamba lisilo na mwenyewe hulimwa na yeyote. Je, siku isiyo na mwenyewe? Nimechunguza, nimegundua kwamba wapo raia wanaoamka asubuhi wakaitumia Jumatano nzima, mpaka ikaisha, bila kumwomba mtu. Uporaji huu ukome."

Tulipiga makofi sana. Tuliona haya, kwa kweli, kwa zile Jumatano zote.

Basi siku zikagawiwa. Nchi nyingine mtu akifanya kazi nzuri hupewa nishani, kwetu alipewa siku. Mawaziri walipewa miezi mizima, wakaitwa Wenye Miezi. Mawaziri walipoongezwa, miezi nayo ikaongezwa, ndiyo maana siku hizi masika hutunyeshea katika mwezi ambao haukuomba mvua, na watu wetu huzeeka polepole kwa mujibu wa sheria. Waliobaki, yaani wakuu wa idara, makanali, wajomba wa makanali na mganga wa meno wa Ikulu, walipewa siku mojamoja, wakaitwa Wenye Siku. Siku ikachukua jina la mwenyewe. Ukimwuliza mtu atakuja lini, atakwambia, "Nitakuja Chongwe, na nisipowahi, basi Mkadam asubuhi." Tulizoea. Binadamu huzoea.

Na kama ilivyo kwa kila mali, mwenye mali ndiye mwenye ufunguo. Siku haikuanza kwa jua, maana jua si mtumishi wa serikali. Siku ilianza pale mwenyewe anapofumbua macho. Kando ya kitanda chake alisimama mtu maalumu, na mwenyewe akishapiga miayo, vipaza sauti vya mitaani vilitangaza, "Ameamka." Hapo ndipo tulipotoka milangoni tukaamkiana kama inavyotakiwa. Mmoja huuliza, "Leo ya nani?" Mwenziwe hujibu, "Ya Bwana fulani, adumu nayo." Kabla ya tangazo ni jana. Jua liwe utosini, wali uwe umeiva na umeliwa, ni jana tu. Yule mganga wa meno alikuwa mpenzi wa chupa, akiamka alasiri, na siku yake tuliingia tukatoka kabla chai haijachemka.

Lakini cha kupewa hunyang'anywa. Mwenye Siku akikosea, siku yake huchanwa. Jambo hili hufanyika mara moja kwa mwaka, katika Siku ya Mwenye Mwaka, ambayo ndiyo ya kwanza ya mwaka. Yeye mwenyewe, akishaamka na kutangazwa, hupanda jukwaani penye kalenda kubwa ya turubai, na kwa mkono wake huchana siku za walioanguka. Na siku ikichanwa, yote yaliyotokea ndani yake hayakutokea. Huu si ukatili, ni akili ya kawaida. Chungu kikivunjika huwezi kudai mchuzi.

Jirani yangu Bi Mize aliolewa siku ya mkuu wa bandari. Mkuu wa bandari alipoanguka, Bi Mize na mumewe wakaambiwa wana wajukuu lakini hawana ndoa, na kwamba ni aibu kwa watu wazima. Wakatenganishwa mpaka Bi Mize aposwe upya, na safari hii alikataa kwanza, akataka kubembelezwa. Naye marehemu Faki, fundi cherehani, alikuwa amefariki siku ya kanali mmoja. Kanali akachanwa, Faki akawa hai. Akaitwa kwenye mkutano wa mtaa, hakuhudhuria, akaandikiwa utoro. Mjane wake akakatazwa kulia, maana kumlilia mtu aliye hai ni kumtakia mabaya.

Tulicheka. Nasema kweli, tulicheka, midomo tumeiziba kwa kanga. Tuliacha kucheka walipofika kwa waliozaliwa.

Aliyezaliwa siku iliyochanwa, huyo hakuzaliwa. Ni jambo jepesi kulielewa, shida ni kwamba yeye mwenyewe bado yupo, anakula, anapiga chafya, anazuia njia. Serikali yetu, kwa huruma yake, ikajenga Nyumba ya Kungojea, nje kabisa ya mji, ili Wasiozaliwa wakangoje humo kuzaliwa upya katika siku yenye heshima. Wanapelekwa kwa gari la kijivu, bure. Sijamwona aliyerudi. Lakini nasikia chakula ni kizuri na hewa ni safi, na wanaosema hivyo husema haraka haraka kisha huaga.

Mwanangu wa pekee ni Zuwena. Ana pengo la meno ya mbele na mdomo usiojua kufungwa. Alizaliwa siku ya Bwana Chongwe, Mkurugenzi wa Chumvi, na kwa kuwa desturi yetu ni mtoto kuitwa kwa siku yake, mtaa mzima unamjua kwa jina la Zuwena wa Chongwe. Jina hilo lilikuwa likinipa usingizi. Chongwe alikuwa mtu mnene, kipenzi cha Ikulu, aliyecheka Mwenye Mwaka alipocheka na kukohoa Mwenye Mwaka alipokohoa. Nilipokuwa nikikaanga vitumbua vyangu nilimwombea dua Chongwe kuliko nilivyomwombea mama yangu mzazi. Nilimwombea figo zake. Nilimwombea asiteleze.

Hakuteleza. Alitazama saa.

Ilikuwa siku ya mwisho ya mwaka, siku ya Bwana Shaweji. Mwenye Mwaka anahutubia, hotuba ndiyo kwanza imeshika moto, na Chongwe amekaa safu ya mbele. Sijui alipatwa na nini. Akainua mkono wake mnene akatazama saa, mbele ya mwenye wakati wote. Mwenye Mwaka akanyamaza, kisha akamwuliza kwa upole, "Bwana Chongwe, unatafuta nini hapo mkononi ambacho mimi sijakupa?" Uwanja mzima ukaficha mikono. Waliovaa saa walizivua wakazikalia.

Jioni ile ile vipaza sauti vikatangaza kwamba Chongwe itachanwa kesho.

Nilikuwa jikoni. Niliogopa. Sitapamba maneno. Nikakaa chini kando ya jiko, nikamwita Zuwena, nikamshika kifundo cha mguu, nikakaza.

"Mama, unaniumiza."

"Kaa hapa."

"Kwani nimefanya nini?"

"Umezaliwa," nikasema, kisha nikajuta kuwa na ulimi.

Mume wangu Ngwali, fundi viatu, mtu asiyesema maneno mengi, aliingia akiwa ameshafunga kibunda. "Mama Zuwena, tuondoke," akasema. Tuondoke tupite wapi? Barabara zote zilikuwa zimefungwa kwa ajili ya maandamano ya furaha ya kesho. Akakaa juu ya kibunda chake, akawa anakunjua na kukunja kipande cha ngozi.

Nikajitanda kanga, nikamshika mtoto mkono, nikaenda kwa Bwana Sarahani, mkuu wa mtaa wetu. Huyu ni mtu mstaarabu, hukupa maneno mazuri hata anapokunyima kiti.

"Shikamoo, Bwana Mkuu."

"Marahaba, Bi Nyange. Leo ya nani?"

"Ya Bwana Shaweji, adumu nayo. Bwana Mkuu, nimekuja kwa ajili ya Zuwena."

"Zuwena yupi?"

"Zuwena mwanangu. Si huyu hapa nimemshika?"

Akamtazama mwanangu, akatazama ukuta, akamtazama tena. "Bi Nyange, wewe na mimi tumekaa mtaa mmoja tangu tuna nguvu. Sitakuficha. Namwona. Lakini namwona kwa macho ya leo. Kesho nitakuwa namwona kinyume cha sheria, na umri wangu huu sitaki kuanza kuvunja sheria kwa kuonaona ovyo."

"Alipozaliwa wewe ulikuja kutupa hongera. Ulikuja na sabuni na kanga."

"Nilikuja. Na kesho nitakuwa sikuja, kwa hiyo hata ile sabuni sijui uliitoa wapi." Akainuka, akaweka mikono nyuma, akaanza kusema kama yuko jukwaani. "Fahamu jambo moja, mama. Serikali haichukui watoto. Serikali gani hiyo itakayochukua watoto? Serikali inaondoa kosa la tarehe. Sasa kama kosa lenyewe lina mikono na miguu, hilo nalo ni la kulaumiwa serikali?"

Zuwena alikuwa anamsikiliza vizuri. "Babu," akamwuliza, "nikizaliwa tena nitakuwa na meno?"

Bwana Sarahani akafungua droo ya meza akaanza kutafuta kitu. Alikuwa bado anakitafuta tulipotoka.

Tuliporudi, gari la kijivu lilikuwa limeshaegeshwa mbele ya mlango wetu, kwa kuwa serikali yetu haipendi kuchelewa. Dereva alikuwa mtu mrefu mwenye sauti ndogo. Jina lake Vuai. Aliteremka akaniamkia kwa adabu.

"Shikamoo, mama. Leo ya nani?"

"Ya Bwana Shaweji, adumu nayo."

"Mimi ni wa kesho," akasema. "Msijisumbue kwa lolote. Nitakaa humu humu garini mpaka itangazwe."

Sikulala. Jua lilipotoka nilimvisha Zuwena gauni lake la sikukuu, nikamfungia vitumbua kwenye kitambaa, vingi kuliko tumbo lake, tukakaa kizingitini tumebanana. Mtaa mzima ulikuwa milangoni, kimya, masikio yote kwenye kipaza sauti cha nguzoni. Ndani ya gari Vuai ameshika ufunguo. Jua likapanda. Kipaza sauti kinakwaruza tu. Jua likafika utosini, likapita, vitumbua vikapoa vikawa vigumu, Zuwena akalala mapajani kwangu. Jua likazama, na bado ilikuwa jana.

Hakuna aliyeuliza. Jua lilipotoka tena, likatoka na tangazo. Ilikuwa sauti ya Mwenye Mwezi wa Kwanza, na ilikuwa inatetemeka.

"Ndugu wananchi. Mwenye Mwaka amelala. Amelala usingizi mtamu wa mtu aliyefanya kazi. Atakayemwamsha ni muuaji wa usingizi wake, na adhabu ya muuaji mnaijua. Atakayesema kwamba hataamka ni haini, na adhabu ya haini mnaijua. Endeleeni na siku ya leo."

Basi tukaendelea na siku ya leo. Jua limezama na kutoka mara nyingi tangu hapo. Sijahesabu. Kuhesabu ni kudai kwamba kuna siku zinapita.

Majogoo walikufa wa kwanza. Waliwekwa katika kundi la wachochezi, wakachinjwa mji mzima, tukawala wa kuchemsha. Punda wakafungwa midomo kwa matambara. Kutwanga kukakatazwa, kupiga chuma kukakatazwa, Ngwali akavisha nyundo yake soksi. Kisha kukaanga nako kukakatazwa, maana kitumbua kikiingia kwenye mafuta hupiga kelele. Mimi na kazi yangu ya miaka yote nikageuka kuwa mpika uji. Nyuma ya mtaa wetu yuko bibi harusi aliyekuwa aolewe kesho, bado amekaa kwenye mkeka, hina imekolea mpaka kwenye viwiko. Gerezani yuko mtu aliyekuwa anyongwe kesho, nasikia amenenepa na amejifunza kusuka vikapu. Chumba cha pili yuko aliyekuwa afunguliwe kesho, huyo analia, lakini analia kimyakimya kama ilivyoamriwa. Na Zuwena akirudi kutoka shule huniambia, "Mama, leo tumesoma tena somo la leo."

Anayeteseka kuliko wote ni Bwana Shaweji. Alikuwa mkaguzi wa mizani, mtu mdogo asiye na makuu, na alipewa siku ya mwisho ya mwaka kwa sababu hakuna aliyeitaka. Sasa siku yake imekuwa ndefu kuliko zote tangu dunia iumbwe, na yeye anajua maana ya mtu mdogo kuwa na kitu kikubwa. Hupita mlango kwa mlango akitusihi.

"Jamani, msiamkiane kwa jina langu. Mkiulizwa leo ya nani, semeni hamjui."

"Tukisema hatujui, Bwana, tutafungwa."

"Basi semeni polepole."

Halali. Hathubutu, kwa sababu akilala ataamka, na akiamka siku yake itaanza upya, na hapo atakuwa ameichukua siku ya pili mkononi mwa Mwenye Mwaka mwenyewe. Macho yake yamekuwa mekundu. Siku moja, nisameheni, leo hii hii, lakini mapema zaidi, alisimama ameegemea mlango wetu akaanza kusinzia, ikabidi Ngwali amfinye. Akamshukuru.

Kule kilimani, Ikulu, hufukizwa udi na ubani kutwa kucha, na harufu yake inateremka hadi kwetu. Magari ya barafu ya wauza samaki yanapanda yamejaa, yanashuka matupu. Mtu mmoja pale sokoni aliuliza mbona barafu nyingi hivyo. Aliuliza mara moja tu, na kizimbani mwake sasa anauza mtu mwingine. Sisi tuliobaki tunasema Mwenye Mwaka hupenda baridi anapolala. Naam, ndivyo tusemavyo, na mimi nimesema hivyo kwa moyo mkunjufu kuliko wote. Akilala yeye, Zuwena yupo. Hiyo ndiyo hesabu yangu, sina nyingine.

Vuai naye yupo. Ameamriwa asiondoke mpaka kesho, na kesho haiji, basi anaishi garini mlangoni kwangu. Mwanzoni nilimchukia mpaka nikawa namwaga maji ya vyombo upande wa magurudumu yake. Lakini mtu akikaa mlangoni kwako utamlaza na njaa? Nikaanza kumpa uji. Zuwena ndiye aliyekuwa akimpelekea, na haikupita muda akawa anapanda garini, anakaa mbele, anauzungusha usukani huku na huku na kuunguruma kwa mdomo. Nilikuwa namtazama mwanangu akichezea gari la kumchukua, na uji ukawa unanimwagikia mikononi.

Hapo ndipo nilipolisikia lile ambalo sikulitaka.

"Mjomba Vuai, hiyo Nyumba ya Kungojea ina pembea?"

Vuai alikuwa anakunywa. Akateremsha bakuli.

"Si wewe unafika huko?"

"Nafika mlangoni."

"Sasa walio ndani wanacheza nini?"

Akamtazama mtoto, kisha akanitazama mimi niliyekuwa kizingitini nachambua mchele. Jibu alinipa mimi. "Mama," akasema kwa ile sauti yake ndogo, "mimi huwashusha nikageuza gari. Sijapata kusikia sauti mle ndani. Hata ya mtu kukohoa."

Uji hakuumaliza. Nami tangu hapo sijamwambia mtu tena kwamba chakula cha huko ni kizuri.

Kisha Bi Mize akaja na yake. Mpwa wake hufagia Ikulu, na Bi Mize ni mtu ambaye habari haikai tumboni mwake hata ikiwa ya moto. Alinivutia nyuma ya mlango.

"Shoga, wamechoka na jana. Wanasema haiwezekani, lazima mtu aamke. Mwenye Mwezi wa Kwanza anafanya mazoezi ya kupiga miayo. Anakaa nyuma ya pazia, wenzake wanamsikiliza na kumkosoa. Huu mfupi, huu wa njaa, huu wa kike. Anaiga sauti ya marehemu mpaka—"

"Marehemu nani?" nikamkatiza.

Bi Mize akajishika mdomo. Tulitazamana, na nikaona jasho linamtoka juu ya mdomo.

"Mlalaji," akasema. "Nimesema sauti ya mlalaji."

"Ndivyo nilivyosikia."

Akaondoka bila kuaga. Mimi nikabaki pale nyuma ya mlango. Mimi ni mtu mzima, najua, na nyinyi mnajua, kwamba mwamkaji mpya hupenda kuonyesha kuwa ameamka kweli, na njia ya haraka ya kuonyesha ni kuchana.

Hayo yalikuwa ya nyuma. Sasa nawaambia ya asubuhi hii.

Nilikuwa nakoroga uji. Zuwena alikuwa garini, amekaa kwenye kiti cha pembeni, anamfundisha Vuai somo la leo. Ngwali yuko barazani na nyundo yake ya soksi. Kipaza sauti cha nguzoni kikakwaruza, kikapiga mluzi, kisha ukatoka mwayo. Mwayo mrefu, mzuri, uliofanyiwa kazi. Na baada ya mwayo, sauti safi kabisa:

"Ameamka."

Mwiko ukaniponyoka. Watu wakatoka milangoni mmoja mmoja, hakuna aliyemtazama mwenziwe. Nikageukia garini. Nikamwona Vuai ameweka mkono kwenye ufunguo, na Zuwena amekaa pale pembeni yake, mlango umefungwa, hajui kitu, anasubiri gari liungurume. Sijapata kuogopa hivyo maishani mwangu, na sitaki mtu yeyote, hata mwenye kunichukia, aogope hivyo.

Vuai akanitazama kupitia dirishani.

"Mama," akasema. "Umesikia kitu?"

Kusikia ni wajibu wa raia. Kutosikia ni uhaini.

"Sijasikia," nikasema.

"Mzee?"

"Mimi na nyundo hii," Ngwali akajibu, na nyundo ilikuwa chini. "Nyundo inaziba masikio."

Hapo Bwana Sarahani akatokea, kofia kichwani, vifungo vya kanzu kavikosea. Mtaa wote ukamgeukia, kwa maana pale yeye ndiye serikali. Akaitazama nguzo. Akalitazama gari. Akamtazama Zuwena, na safari hii hakutazama ukuta. Akanijia mpaka mbele yangu, akasimama kama siku zote asimamavyo, akaniuliza:

"Bi Nyange. Leo ya nani?"

Nilijua jibu analotakiwa kulisikia. Kila mtu pale alilijua.

"Ya Bwana Shaweji," nikasema. "Adumu nayo."

Bwana Sarahani akafumba macho, akayafumbua. "Ya Bwana Shaweji," akasema polepole. "Adumu nayo." Bi Mize akaipokea, akampa mumewe aliyemwoa mara mbili, mumewe akampa mjane wa Faki, ikaenda hivyo mlango hadi mlango, kwa sauti za chini, hadi mwisho wa mtaa na kupinda kona. Na pale konani Bwana Shaweji mwenyewe, amejishika kwenye ukuta na macho yake mekundu, watu wote wanamtazama, akasema kama mtu anayekiri kosa:

"Yangu."

Kipaza sauti kikarudia. Ameamka. Ndugu wananchi, ameamka, mnasikia? Hakuna aliyesikia. Vuai akachomoa ufunguo, akautia mfukoni, akamfungulia mtoto mlango. Kisha akaniomba uji.

Sasa niko kizingitini. Kipaza sauti hakijanyamaza, kinaita, kimeanza kutaja mitaa kwa majina na kwetu kimeshapataja. Kutoka kilimani nasikia magari yanateremka, na si ya barafu, maana ya barafu huteremka polepole. Bwana Sarahani amekaa barazani kwangu, nimempa kiti, vifungo bado hajavirekebisha. Hakuna aliyeingia ndani.

Zuwena ametoka katikati ya njia na gauni lake la sikukuu lililochakaa. Ameinua uso kwenye nguzo, amekunja sura kwa sababu kelele zimezidi, ameweka kidole mdomoni.

"Shii," anakiambia kipaza sauti. "Mwenyewe amelala."

Nimemwita aje akae karibu yangu. Nimemshika kifundo cha mguu.